Anayekufa Mapema Ndiye Anayeibeba Filamu

Kila aliyekulia karibu na kibanda umiza, kiwe cha Mwanjelwa jijini Mbeya au cha Ipogolo mjini Iringa, anaijua sheria moja ya filamu isiyofundishwa chuoni: steringi hauawi. Risasi zitampita sikioni, gari litapinduka naye atatoka akijikung'uta vumbi, jini litamkaba koo na bado ataibuka mzima. Wanaokufa ni wengine: mlinzi wa getini, muuza duka, daktari mwenye miwani, mzee aliyeonya mapema akapuuzwa. Majina yao hatuyajui. Tunazijua sura zao tu, na tukiziona tena kwenye filamu nyingine tunasema, "huyu si yule mzee wa siku zote?" Hoja ya makala haya ni kwamba katika filamu za bajeti ndogo, hasa zinazosimulia mambo yasiyoonekana kwa macho, yaani mizimu, majini, wageni wa sayari nyingine au dunia ya miaka mia ijayo, waigizaji hawa wa pembeni ndio wanaobeba mzigo. Kama ndivyo, malipo yao hayawezi kuishia kwenye posho ya siku na nauli ya daladala. Wanastahili fungu dogo kila kazi yao inapouzwa upya, na mikoa ya Nyanda za Juu Kusini ina sababu zake za kuwa ya kwanza kulifanya jambo hilo.

Tuanze na namna filamu hizi zinavyomfanya mtu aamini. Kampuni yenye mamilioni ya dola hununua imani ya mtazamaji kwa kompyuta: joka linapumua, jiji zima linaporomoka, na aliye kitini hana nafasi ya kubisha. Mtengenezaji wa bei nafuu hana fedha hiyo. Jini lake ni mtu aliyepakwa unga usoni, na chombo chake cha angani ni bati na waya. Mtazamaji anaona kabisa kwamba ni bati. Kinachomfanya asicheke ni uso wa mtu anayelitazama bati lile kwa hofu ya kweli. Ndiyo kusema, katika filamu ya namna hii tunaamini kwanza hofu ya anayeliona jini, ndipo jini lenyewe lifuate. Kazi hiyo ya kuogopa kwa niaba yetu kwa kawaida haipewi steringi, kwa sababu yeye sharti awe jasiri. Hupewa mama mwenye nyumba, mlevi wa kilabuni, mganga, au jirani mbishi anayekwenda kuchungulia kichakani na asirudi. Mtu mmoja aliyezoea kazi anaweza kwa dakika mbili kuokoa mandhari ambayo fundi wa vifaa ameshindwa kuitengeneza kwa wiki mbili.

Ushahidi wa wazi zaidi unatoka Marekani, kwenye maisha ya Dick Miller. Alizaliwa New York mwaka 1928, akafariki Januari 2019 akiwa na miaka 90, na katika zaidi ya nusu karne ya kazi hakuwa steringi ila mara chache mno. Alianza katikati ya miaka ya 1950 na Roger Corman, mtengenezaji aliyesifika kwa kupiga picha haraka na kwa bei ya kutupa. Mwaka 1957, katika filamu ya Not of This Earth, Miller ni muuza mashine za kufagia anayebisha hodi kwenye nyumba ya mgeni wa sayari nyingine, na ubishi wake wa kibiashara unamponza. Mwaka 1960, katika The Little Shop of Horrors ambayo sehemu kubwa ilipigwa kwa siku mbili tu, yeye ni mteja wa duka la maua. Anaingia, ananunua maua, anayanyunyizia chumvi, na anayatafuna kwa utulivu wa mtu anayekula mchicha nyumbani kwake. Hacheki, wala hatoi macho. Sasa fikiria: filamu hiyo inahusu mmea unaokula watu, na mmea wenyewe ni kitambaa na rangi. Mtazamaji akishakubali kwamba mtu mzima mwenye koti lake anaweza kula maua kwa chumvi, mmea unaokula watu haumshindi tena. Mteja yule wa pembeni ndiye aliyetutengenezea njia.

Miaka 24 baadaye, filamu ya The Terminator ilipokuwa inatafuta mtu wa kusimama nyuma ya kaunta ya duka la bunduki, alisimama Miller. Anaorodhesha silaha kama mwenye duka anayetaja bei za khanga, na kwa utaratibu huohuo wa kibiashara anauawa na mteja wake, roboti kutoka wakati ujao. Mwaka huohuo wa 1984 alikuwamo pia katika Gremlins. Mwaka 2014 ilitengenezwa filamu nzima ya kumbukumbu kuhusu maisha yake, na jina lake, That Guy Dick Miller, ni kejeli ya upole kwa watazamaji waliojua sura bila kujua mtu. Lakini kipaji peke yake hakitoshi kueleza jinsi mwigizaji wa namna hiyo anavyoweza kufika uzeeni akiwa bado ni mwigizaji. Mwaka 1960 chama cha waigizaji wa Marekani, kikiongozwa na Ronald Reagan kabla hajawa mwanasiasa, kiligoma kwa wiki kadhaa. Matunda ya mgomo huo ni mambo mawili: filamu mpya za sinema zikionyeshwa kwenye televisheni mwigizaji alipwe tena, na uanzishwe mfuko wa matibabu na pensheni. Tangu hapo hata mwenye maneno matatu anayo hesabu inayomfuata. Hundi yake inaweza kuwa ya bei ya chakula cha mchana, lakini ni haki yake, na haombi.

Mtu anaweza kusema hayo ni ya Marekani. Basi tuangalie nyumbani. Filamu zetu za video zilipoanza kushika kasi mwanzoni mwa miaka ya 2000, pamoja na Girlfriend ya mwaka 2003, zile za kutisha zilipata wateja mapema. Mwongozaji Mussa Banzi alitoa Nsyuka, kisha Shumileta, filamu iliyobeba jina la jini wake, na jina hilo lilimganda mwigizaji aliyelicheza, Jennifer Mwaipaja. Msomaji wa Tukuyu au Kyela hahitaji kamusi kulisikia jina la Nsyuka: kwa Wanyakyusa, abasyuka ni wahenga waliotangulia, na mtafiti Monica Wilson aliandika juu yao kwa urefu katika miaka ya 1950. Waliozishikilia filamu za aina hiyo ni watu kama Bi Mwenda na Mzee Chillo, bibi na babu wa skrini ambao wakikunja uso mtoto anasogea karibu na mama yake. Ng'ambo ya mpaka, mwaka 2009 Wanuri Kahiu wa Kenya alitoa Pumzi, filamu ya dakika 21 kuhusu dunia iliyoishiwa maji baada ya vita. Inazungumzwa sana kwa ajili ya msichana Asha, lakini moyo wake uko maliwatoni, kwa mfanyakazi wa usafi ambaye Asha anamgawia maji yake kidogo, naye baadaye anamsaidia kutoroka. Mama yule hana hotuba. Anapokea maji, na hapo ndipo mtazamaji anaijua bei ya tone moja katika dunia ile.

Mfano wa Uganda unafaa hata zaidi, kwa sababu unahusu fedha. Huko Wakaliga, kitongoji cha Kampala, Isaac Nabwana alitengeneza Who Killed Captain Alex? mwaka 2010 kwa gharama inayosemwa kuwa chini ya dola 200 za Marekani. Bunduki ni vyuma chakavu na mbao, helikopta ni picha ya kompyuta, na waigizaji ni majirani. Hapakuwa na mshahara wa kugawa. Badala yake, waigizaji walizichukua diski wakaziuza wenyewe mtaani, na sehemu ya mauzo ikabaki mifukoni mwao. Mpango huo una mapungufu mengi, na si kila mwigizaji ana miguu ya umachinga. Hata hivyo unathibitisha jambo moja kubwa: kugawana mapato kulingana na matumizi hakungoji utajiri. Wamekufanya watu waliokuwa hawana hata kamera ya maana.

Kwetu mambo yalikwenda njia nyingine. Kwa miaka mingi prodyuza aliuza filamu moja kwa moja kwa msambazaji wa Kariakoo, akapokea fedha ya mkupuo, akamlipa steringi, na kilichobaki kikagawanywa kwa wengine kama posho. Mkataba, kama ulikuwapo, uliishia siku ya mwisho ya kupiga picha. Matokeo yake tuliyaona mwaka 2018, Mzee Majuto alipougua. Mtu aliyekuwa amelichekesha taifa kwa miongo kadhaa, na ambaye sura yake ilikuwa imeuza bidhaa za watu wengine, alihitaji msaada ili atibiwe. Dkt. Harrison Mwakyembe, wakati huo waziri mwenye dhamana ya sanaa na mbunge wa Kyela, aliunda kamati ya kuipitia mikataba ya wasanii. Mzee Majuto alifariki Agosti 8 mwaka huo. Ikumbukwe kwamba yeye alikuwa maarufu. Kama aliyejulikana hadi kwa watoto wa chekechea mikataba ilimwacha hivyo, aliyecheza mlinzi wa getini katika filamu thelathini ataachwaje?

Hapo kuna ufa wa kisheria ambao wengi hawaujui. Mkataba wa Roma wa mwaka 1961, uliokuwa msingi wa haki za wasanii watendaji duniani, ulimlinda mwanamuziki kuliko mwigizaji. Ibara yake ya 19 inasema kwamba mtendaji akisharidhia kazi yake iingizwe kwenye picha za video au filamu, ulinzi aliopewa na mkataba huo unakoma. Kwa lugha ya mtaani, ukikubali kupigwa picha umekwisha kuuza. Dunia ilikuja kulikiri kosa hilo Juni 2012 huko Beijing, ulipopitishwa mkataba mpya unaompa mwigizaji haki ya kutajwa jina na haki juu ya matumizi ya kazi yake, na unaotambua kwamba hata akizihamisha haki hizo kwa prodyuza anaweza kubaki na malipo ya haki kwa kila matumizi. Ulianza kufanya kazi Aprili 2020. Kwa hiyo anayedai fungu kwa ajili ya mwigizaji wa pembeni haombi upendeleo wa kisanii. Anasema lile ambalo sheria ya kimataifa imeshalifikia, ikiwa imechelewa nusu karne.

Kwa nini basi Mbeya na Iringa? Kwanza, kwa sababu watu wa huku wamekuwa pembeni mara mbili. Katika vichekesho na tamthilia zinazotengenezwa Dar es Salaam, msichana wa kazi akifungua mlango, mara nyingi lafudhi yake ni ya Iringa. Anasema "kamwene", watu wanacheka, anaambiwa akalete juisi, anatoka. Nafasi hiyo ni ngumu kuliko inavyodhaniwa, kwa sababu ni yeye anayeona siri zote za nyumba, na msichana hodari akiicheza anaweza kumpiku mwenye nyumba. Lakini hulipwa kama kiungo cha mchuzi. Pili, kwa sababu hatuna cha kubomoa. Mbeya imetoa wanamuziki wa kutosha, kuanzia Sugu hadi Rayvanny, na wote ilibidi waufuate mji mkubwa ulio kilomita zaidi ya 800. Kwa upande wa filamu hakuna huku wasambazaji wakubwa wenye mazoea ya kulindwa, na ni rahisi kujenga nyumba kwenye kiwanja kitupu kuliko kwenye kibanda cha mtu asiyetaka kuhama.

Tatu, mandhari. Anayetaka filamu ya sayari nyingine bila kununua kompyuta ya bei mbaya aende Isimila, nje kidogo ya mji wa Iringa, ambako maji na upepo vimechonga nguzo za udongo ndefu kuliko nyumba, katika bonde ambalo wanaakiolojia wamechimbua zana za mawe za watu wa kale sana. Aende Ziwa Ng'ozi, lililokaa ndani ya shimo la volkano juu ya msitu wenye ukungu. Aende Mbozi, iliyokuwa Mkoa wa Mbeya hadi Songwe ilipotengwa mwaka 2016, akakione kimondo: chuma kitupu kilichotoka angani, uzito wa zaidi ya tani kumi, kimelala mlimani. Nchi nyingine hutumia fedha kutengeneza kifaa kama hicho kwa plasta. Sisi tunacho cha kweli, na tunachohitaji ni mzee mmoja wa kukisogelea, kukigusa kwa ncha ya kidole, na kurudisha mkono haraka.

Sasa tuzijibu pingamizi, maana zipo na si za kipuuzi. Ya kwanza inasema filamu za kisayansi si zetu, ni uigaji. Anayesema hivyo asome Walenisi ya Katama Mkangi, riwaya ya Kiswahili ya mwaka 1995 inayompeleka shujaa wake kwa chombo cha angani hadi kwenye jamii iliyojengwa kwa misingi tofauti na yetu. Na aulize wazee wa Rungwe wanasema nini kuhusu maji ya Ng'ozi. Kuuliza "ingekuwaje kama" hakukuletwa na meli. Ya pili inasema anayeuza filamu ni staa, kwa hiyo alipwe yeye. Nakubali staa anauza bango, na alipwe zaidi. Hakuna anayedai usawa wa senti kwa senti. Lakini mnunuzi aliyevutwa na bango akikuta wanaomzunguka staa ni vikaragosi, filamu ya pili hanunui. Sehemu ya kuporomoka kwa soko la diski tunaitupia wizi wa kazi, na wizi ulikuwapo kweli. Ila tusisahau pia filamu ambazo baba na mtoto walionekana rika moja, kwa sababu prodyuza alibana fedha ya mzee wa kweli.

Pingamizi ya tatu ndiyo nzito: asilimia ya sifuri ni sifuri. Kama filamu haiingizi kitu, fungu la mwigizaji wa pembeni ni maneno matupu kwenye karatasi. Zama za diski jibu lilikuwa gumu, kwa kuwa hakuna aliyejua zimeuzwa nakala ngapi. Hata stempu za TRA zilizoanza mwaka 2013 hazikumaliza tatizo. Leo hesabu imehama. Filamu iliyopigwa mwaka 2008 iko mtandaoni, matangazo yanapita juu yake, na mashine inahesabu kila mtazamaji usiku na mchana. Chaneli za televisheni nazo hununua haki ya kuonyesha kwa muda maalumu na kurudia. Mapato yanajulikana hadi senti. Kisichoandikwa popote ni nani mwingine anastahili kugawiwa. Sifuri ya zamani ilitokana na kutojua. Ya sasa inatokana na mkataba.

Na kuna jambo jipya linalofanya mkataba huo uwe wa haraka. Mwaka 2023 waigizaji wa Marekani waligoma siku 118, na moja ya hofu zao ilikuwa kwamba mwigizaji mdogo ataitwa siku moja, atapimwa uso na mwili kwa kamera za kompyuta, atalipwa posho ya siku hiyo, na nakala yake itatumika bila yeye kurudi. Hadithi ya kisayansi imewageukia wanaoicheza. Teknolojia hiyo haitachukua miaka mingi kufika kwetu, na haitaanza na steringi, ambaye ana wakili. Itaanza na yule msichana wa juisi.

Kinachohitajika hakizidi ukurasa mmoja, kwa Kiswahili kinachosomeka, na vikundi vya maigizo vya Mbeya na Iringa vinaweza kukiandika kabla ya kamera ya kwanza kuwashwa: jina la mwigizaji na la uhusika wake, siku za kazi na malipo yake, fungu lake filamu ikiuzwa au ikirudiwa, sharti kwamba sura na sauti yake visinakiliwe kwa mashine bila idhini mpya, na jina lake kuandikwa mwishoni mwa filamu kwa herufi zinazosomeka. Mamlaka zinazotoa vibali vya kupigia picha Isimila au Ng'ozi zinaweza kuuliza swali moja tu kabla ya kugonga mhuri: karatasi hizo ziko wapi? Swali hilo haligharimu bajeti ya mkoa.

Kimondo cha Mbozi kilijulikana kwa wataalamu mwaka 1930, na hadi leo kipo palepale kilipoangukia. Hakuna aliyekipandisha lori kwenda Dar es Salaam ili kipate thamani. Anayetaka kukiona hufunga safari, hufika, hulipa kiingilio. Mwigizaji wa pembeni wa Nyanda za Juu Kusini anastahili angalau utaratibu ambao tumeshalipatia jiwe la chuma: anayekuja kumtazama alipe kiingilio, na anayekuja kumtazama tena alipe tena.